Mvumo wa Saa Nane

SEHEMU YA KWANZA

Spika ziliingia kibandani Alhamisi jioni, mbili pacha za inchi kumi na nane, juu ya guta, na mwenye mali akitembea nyuma yake mikono mfukoni utadhani anasindikiza jeneza. Alikuwa mshereheshaji wa Kihonda, mtu wa suti za kung'aa na maneno yasiyokauka. Siku hiyo yalikuwa yamekauka.

"Fundi, hizi zinaimba usiku."

"Si ndiyo kazi yake, kaka?"

"Zinaimba hazina waya."

Zena akacheka. Akacheka na fundi pasi wa kibanda cha pili, na kijana wa vioo vya simu. Nyuma ya Soko Kuu la Chifu Kingalu hakuna fundi ambaye hajawahi kuletewa chombo chenye jini. Kwa kawaida jini lenyewe huwa ni panya, au unyevu, au jirani aliyejiunganishia umeme.

"Niachie. Njoo Jumamosi."

"Jumamosi nina harusi Mazimbu, fundi."

"Basi njoo Jumamosi asubuhi."

Kibanda kile Zena alikirithi kwa mzee aliyemfundisha kazi, ambaye mpaka anakufa alijisifu kwamba mikono yake imewahi kufungua amplifaya za Morogoro Jazz. Huenda ni kweli, huenda si kweli. Mji huu una wazee wengi wenye sifa hiyo. Bendi yenyewe ilianza 1944, Cuban Marimba ya Salim Abdallah ikafuata 1948, na hadi ajali ile ya Mombasa iliyomchukua mpiga gitaa Mbaraka Mwinshehe Januari 1979, nani hapa Morogoro hakuwahi kubeba japo waya wa gitaa? Lakini kuna jambo moja mzee alilisema ambalo Zena hakuwahi kulitilia shaka. Kila kitu kina noti yake, alisema. Sanduku lina yake, meza ina yake, hata fuvu lako. Noti hiyo ikipigwa jirani, kitu hakiwezi kukaa kimya. Kitaitika tu, kipende kisipende.

Usiku huo Zena alichelewa. Kulikuwa na amplifaya ya kanisa iliyotakiwa Jumapili, na mvua ilikuwa ikinyesha, kwa hiyo hakuona haraka ya kwenda nyumbani kulowa. Karibu saa nane umeme ukakatika. Akawasha tochi ya simu, akaanza kukusanya vifaa.

Skrubu zilikuwa zikicheza ndani ya kopo.

Akaliwekea mkono kopo, likatulia. Akauondoa mkono, zikaanza tena. Hakusikia sauti yoyote, ila meno yake yalihisi kitu na tumbo lake pia, na alipoelekeza tochi kwenye spika za mshereheshaji, aliona koni zote mbili zikienda mbele na kurudi nyuma, taratibu, kwa pamoja. Waya wa spika ya kwanza ulikuwa umelala sakafuni. Ya pili haikuwa na waya kabisa.

Mtu mwingine angekimbia. Zena alichukua mita, ile ya zamani ya mshale, akashika ncha mbili za spika. Mshale ukatikisika. Akakaa chini juu ya kreti ya soda.

Spika na maiki ni kitu kimoja kilichogeuzwa. Ukiipa umeme, koni inasukuma hewa. Hewa ikiisukuma koni, koili inacheza ndani ya sumaku na umeme unatoka. Kwa hiyo hizi hazikuwa zinaimba hata kidogo. Zilikuwa zinasikiliza. Huko nje, kwenye giza, palikuwa na kitu kinachovuma chini kabisa ya masikio ya watu, na katika mji mzima ni masanduku haya mawili makubwa yaliyokuwa na noti ya kukiitikia.

Simu ikalia mkononi mwake, akaruka.

"Shikamoo mjomba. Kuna nini usiku huu?"

"Marahaba, mama. Ni bibi yako."

Zena akafumba macho. "Amefariki?"

"Hapana. Anavuma."

"Anafanya nini?"

"Sikiliza mwenyewe."

Mjomba Kibwana akaisogeza simu. Ng'ambo ya pili ya mlima, katika kijiji kilicho juu ya Kolero, mwanamke mwenye zaidi ya miaka themanini alikuwa akivuma kwa midomo iliyofungwa, noti moja, nzito, isiyopanda wala kushuka. Zena hakuwahi kumsikia bibi yake akitoa sauti ile. Akasikiliza mpaka kikongwe akaishiwa pumzi, akanyamaza, akavuta nyingine.

Kwenye paja lake mshale wa mita ukaruka.

Bibi alipoanza tena kuvuma, mshale ukashuka, ukarudi kwenye kutikisika kwake kudogo. Bibi akavuta pumzi, mshale ukaruka. Akavuma, ukashuka. Zena alirudia kuhesabu moyoni na hakuna hata mara moja vilipopishana. Kati ya kibanda hiki na kitanda kile palikuwa na Uluguru yote.

"Mjomba, ameanza lini?"

"Tangu Jumatatu. Hali, halali. Nilidhani ni homa, lakini..."

Mvumo ukakatika. Zena akangoja pumzi. Mshale ukaruka, ukaenda kulia, ukapita pale ulipokuwa ukiishia, ukagonga ukingo wa kioo na kubaki hapo. Pumzi haikuja. Bati la kibanda likaanza kulia juu ya kichwa chake, kisha la kibanda cha pili, kisha mabati ya soko zima, na ndani ya simu akamsikia mjomba wake, mtu mzima, akipiga kelele:

"Mama! Mama, usilale! Amka, mama, mlima unakuja!"

Simu ikakatika.

*Itaendelea Jumapili ijayo.*

SEHEMU YA PILI

*Ilipoishia: Zena, fundi spika wa Morogoro, amegundua kwamba kila bibi yake anapovuta pumzi huko Kolero, mvumo usiosikika unaongezeka mjini. Bibi amenyamaza, mabati yanalia, na simu imekatika. Songa nayo.*

Asubuhi mji ulikuwa na majibu yake. Wa Kilakala walisema ni lori la kokoto. Wa Bigwa wakasema ni tetemeko dogo, yapo, tumeyazoea. Na kama kawaida kulikuwa na walioinyooshea kidole minara ya Bondwa, ile inayoonekana mjini kote mawingu yakifunguka. Minara ya Bondwa imekwisha kulaumiwa kwa ukame, kwa kuku kutotaga, na kwa ndoa kuvunjika. Mvumo mmoja usingeiongezea mzigo.

Zena hakungoja ubishi uishe. Alipakia spika zote mbili kwenye keria ya basi la Kisaki, akabeba amplifaya mapajani, akazima simu kwa sababu mshereheshaji alikuwa ameanza kupiga.

Barabara ile inauzunguka mlima kwa upande wa mashariki. Unapita Kiroka kwenye mananasi, unapita Mkuyuni, na kulia kwako Uluguru inabaki imesimama muda wote. Walipofika Matombo, mzee mmoja aliyekaa dirishani alimwonyesha kijana wake mteremko. Hapa ndipo Waluguru walipokataa matuta ya Mwingereza, alisema. Ilikuwa 1955. Serikali ililazimisha watu wakate ngazi mlimani kuzuia mmomonyoko, watu wakaona udongo mzuri unafukiwa na kazi haina mwisho, wakaja juu, polisi wakapiga risasi na mtu akafa. "Mlima huu haupendi kukatwa," mzee akamalizia. Kijana alikuwa kwenye simu.

Kutoka barabara kubwa ilikuwa bodaboda mbili, moja ya Zena na moja ya spika, na palipokwisha njia ya pikipiki ikawa vichwa vya vijana.

Wa kwanza kumwona alikuwa Tatu, mjukuu wa dada wa mama yake, msichana wa miaka saba aliyekuwa akipanda kutoka mtoni na ndoo kichwani. Alikuwa akivuma wimbo usio na maneno. Mjomba Kibwana, aliyekuwa ametoka kumpokea mgeni, akamkaripia: "Nimekwambia usimuigize bibi!" Tatu akanyamaza, akacheka, akakimbia na ndoo yake bila kumwaga tone.

"Yuko hai?" Zena aliuliza kabla hata ya salamu.

"Yuko hai. Nilimmwagia maji. Lakini ona."

Akamwonyesha shamba la migomba. Ardhi ilikuwa imepasuka kuanzia kwenye mpaka wa juu hadi karibu na choo, ufa mwembamba lakini mrefu, na mgomba mmoja ulikuwa umegawanyika shina, nusu huku, nusu kule. Hayo yalitokea katika muda ule mfupi Bibi aliposinzia.

Bibi mwenyewe alikuwa uani, amekaa mkekani, amefunikwa kaniki, paji la uso limeegemea jiwe. Zena alilikumbuka jiwe lile tangu utotoni: bamba refu la kijivu lenye vishimo vingi vya mviringo, ambavyo watoto waliwekea kokoto za bao. Hakujua kwamba vishimo vile vimechimbwa kwa kugongwa. Mawe ya namna hiyo yapo sehemu kadhaa za nchi. Serengeti, kwenye vilima vya Moru, wageni hupelekwa kuona moja, nalo ukiligonga linalia kwa sauti ya chuma. La Bibi halikugongwa tena na mtu yeyote. Lilivumiwa.

"Shikamoo bibi."

Jicho moja likafunguka, likamtazama, likafumba. Mvumo haukukatika.

Mjomba akakaa kwenye kigoda na kumweleza mambo ambayo, alisema, angeyaambiwa na mama yake kama mama yake angeishi. Kwa Waluguru ukoo, lukolo, hupita kwa mama. Ardhi hupita huko, na siri pia. "Watu wanajua pango la Kolelo," alisema. "Hilo limo hata vitabuni. Linatunzwa na Wamlali, si sisi. Wazaramo walikuwa wakitoka pwani na kaniki nyeusi kuja kuomba mvua, na joka la pangoni likawajibu kwa ngurumo, na mtu wa pango akawatafsiria. Mwaka 1905 likasema kodi ya Mjerumani isilipwe, gharika inakuja, ardhi itafunguka. Unajua kilichofuata."

Zena alijua. Kila aliyesoma darasa la historia anajua vita vya Maji Maji, ingawa wengi huanzia Ngarambe kwa Kinjikitile na kuishia huko, wakaisahau sauti iliyotoka mlimani.

"Sisi tuna tundu letu dogo, hapo juu msituni. Halisemi lolote. Linavuma tu. Upepo unaingia huku, maji yanapita chini, na mlima unaitika. Likiachwa wazi, mteremko unalegea. Kwa hiyo liliwekewa kizibo cha jiwe, na mwanamke mmoja wa lukolo akawa anaivumia ile sauti inayobaki. Msimu wa mvua tu, jioni, muda wa kuivisha maharage."

"Na kizibo?"

Mjomba akatema mate pembeni. Walikuja watu na pikipiki, alisema, wakadai wanarekodi ndege, yule ambaye haishi popote duniani ila Uluguru, anayesikika kuliko anavyoonekana. "Ndipo nilipotakiwa kushtuka. Ndege huyo kwao ni misitu ya kaskazini, si kwetu. Kumbe wanatafuta dhahabu. Msitu ni hifadhi ya mazingira asilia tangu 2008, kuchimba ni kosa, kwa hiyo walichimba usiku. Jumatatu wakaondoka. Kizibo wamekivunja vipande vipande."

Alitaja na Mgeta, Februari 1970, siku ambayo mvua ya saa chache iliporomosha zaidi ya sehemu 1,000 za milima. Wataalamu waliokwenda kupima waliandika kwamba ni mvua, na kwamba karibu maporomoko yote yalianzia mashambani na kwenye majani, machache mno msituni. Mjomba habishani nao. "Mvua ilikuja, ndiyo. Lakini mama yangu alisikia huku kwetu siku mbili kabla."

Zena alikuwa amekwisha kuacha kumsikiliza. Alikuwa akiutazama mgongo wa Bibi ukipanda na kushuka, na kichwani mwake kitu kilikuwa kimejifunga mahali pake. Ukiunganisha spika mbili sawasawa, besi inajaa ukumbi. Ukikosea ukageuza waya za moja, chanya kwa hasi, koni hii inasukuma wakati ile inavuta, na besi inakufa. Kila fundi wa harusi amewahi kutukanwa kwa hilo.

"Anauimbia kinyume," alisema. "Mjomba, bibi amegeuza waya."

Wakati huo Bibi akanyoosha mkono, akamshika Zena kisogoni, kwa nguvu ambazo mwili ule haukustahili kuwa nazo, akakishusha kichwa chake hadi paji likagusa bamba. Kiganja kingine akakiweka kwenye koo la mjukuu wake. Jiwe lilikuwa likitetemeka. Zena akafungua koo bila kuamua, akatafuta, akaikosa, akaipata. Noti ilikuwa ya chini kuliko alivyojua anaweza. Bibi akaachia. Akaanguka ubavuni mkekani, na kabla ya mjomba kumfikia alikuwa akikoroma.

Ardhi ilitulia. Jioni ikaingia. Tatu akaleta uji kwenye kikombe cha bati, akauweka karibu na mkono wa Zena, na Zena akaona ni vyema anyamaze kidogo anywe.

Akafunga koo. Kifua kilikuwa kitupu, hakuna pumzi hata ya kuzima kibiriti.

Sauti haikukoma.

*Itaendelea Jumapili ijayo.*

SEHEMU YA TATU

*Ilipoishia: Zena amempokea bibi yake kazi ya kuuvumia mlima, lakini anapotaka kunyamaza anakuta sauti inaendelea kutoka kwake bila pumzi. Songa nayo.*

Kilichomwokoa ni Tatu kuona midomo ya mama yake mdogo inabadilika rangi. Mtoto akamfinya Bibi sikio. Bibi akaamka, akatazama mara moja tu, akaivuta kaniki yake na kuisukumiza kati ya jiwe na paji la Zena. Noti ikakatika. Zena akaanguka chali, akavuta hewa kwa mlio.

"Hukupumua!" Bibi alisema. Yalikuwa maneno yake ya kwanza tangu Jumatatu, na koo lilikuwa limechakaa. "Umeimba tangu alasiri hukupumua hata mara moja."

"Hukuniambia, bibi."

"Kuna mtu huambiwa apumue?" Akarudi kwenye nafasi yake, akaondoa kaniki. "Pumzi ndiyo kazi yenyewe."

Zena aliyasikia maneno yale. Aliyaelewa kama ushauri wa afya.

Usiku ule hakulala. Alikuwa na miaka thelathini na mbili, kibanda, deni la kikoba na mipango. Alimtazama Bibi na akaona maisha yake yote mbele, paji juu ya jiwe, na baada yake nani? Tatu? Ndipo alipowaza jambo ambalo mafundi wa dunia wamekwisha kulifanya ndani ya vile vifaa vya masikioni wanavyovaa abiria wa ndege: sikio moja linasikiliza kelele, mtambo unaigeuza, na mdomo unaitoa kinyume. Kelele inakufa. Alikuwa na spika pacha. Moja ingekuwa sikio, nyingine mdomo. Amplifaya ilikuwepo. Kilichobaki ni umeme, na kijijini umeme ulikuwa mmoja, jenereta la kibanda cha video.

Mwenye kibanda alitoza bei ya mechi ya Simba na Yanga. Mjomba akalipa kwa mkungu wa ndizi na ahadi.

Kulipopambazuka waliegemeza spika ya kwanza kwenye bamba, koni ikiligusa, na ya pili wakaielekeza mteremkoni. Zena akageuza waya, akawasha, akaanza kupandisha sauti taratibu. Kwanza ilikuwa mbaya zaidi, kuku wakakimbia. Akapunguza, akasogeza sanduku hatua moja, akapandisha tena. Ikafika mahali ambapo maji ndani ya ndoo, yaliyokuwa yakitetemeka tangu Jumatatu, yakalala.

Bibi akainua kichwa. Akafunga mdomo, akangoja. Hakuna kilichotokea. Akauliza kama upo uji, akanywa vikombe viwili, akajinyoosha mkekani na kulala. Mjomba Kibwana alisimama katikati ya uwanja amevua kofia, akilia bila kujificha. Zena naye akawasha simu, akamjibu mshereheshaji kwa mara ya kwanza. Akamwambia harusi yake atafute spika za kukodi, atamlipa yeye, na kwamba zake zipo kazini.

"Kazini wapi, fundi?"

"Serikalini," Zena akajibu, akakata.

Asubuhi ile ilikuwa tulivu kupita kiasi. Hondohondo hawakupita. Vyura wa bondeni, ambao baada ya mvua hawana staha, hawakulia. Watu walitoka majumbani wakizungumza kwa sauti ndogo. Zena alidhani ni furaha yake inayomfanya asisikie, mpaka alipogundua nini kingine hakisikiki.

Mto.

Chini ya nyumba ya Bibi kuna kijito kinachopita kati ya mawe makubwa. Hakina jina nje ya kijiji, lakini maji yake yanaingia Mvuha, na Mvuha unaingia Ruvu, na Ruvu ndio Dar es Salaam inaounywa. Zena akasogea ukingoni. Mawe yalikuwa yamelowa hadi kiunoni mwa mtu na chini yake palikuwa na tope. Maji hayakuwepo. Tone moja moja lilidondoka kutoka kwenye mizizi. Na ndani ya kitanda cha mto, kuanzia kwenye daraja la magogo hadi kwenye kona, watoto wa kijiji kizima walikuwa wamejaa na ndoo na vipande vya chandarua, wakiokota kaa na samaki walioachwa wakipapatika, wakipiga mayowe ya furaha.

"Zena." Bibi alikuwa ameamka. Alikuwa amesimama mlangoni bila fimbo. "Nani anaimba?"

"Ni spika, bibi. Nimezifunga..."

"Anaimba hapumui."

Zena akageuka kuitazama spika. Koni ilikwenda mbele, ikarudi nyuma, sawasawa, bila kuruka hata pigo moja.

Sasa akaelewa kwa nini mshale wa mita uliruka kila Bibi alipovuta hewa, na kwa nini alivuta hewa kwa mpangilio ule, mchana na usiku. Haukuwa udhaifu wa mzee. Mvumo na maji vilipita njia moja. Bibi alikuwa akishika na kuachia, akishika na kuachia, akiupa mlima nafasi ya kutoa kidogo kidogo kile ulichobeba. Spika ilishika tu. Ilikuwa imeshika tangu alfajiri, baada ya wiki nzima ya mvua.

"Izime!" Mjomba alipiga hatua kuelekea kwenye jenereta.

"Usiguse!" Bibi na Zena walisema kwa pamoja. Kuzima ghafla ni kuyaachia yote mara moja, na kati ya yote hayo na kona ya mto walikuwa watoto.

Zena akapiga magoti kwenye amplifaya. Ingewezekana kupunguza, nukta moja, kisha kurudisha. Kuifundisha kupumua kwa vidole. Akashika kitufe. Akakizungusha kidogo. Juu, msituni, kitu kikanguruma, na mkondo mwembamba wa maji ya kahawia ukaonekana kati ya mawe. Akarudisha. Ukakatika. Inawezekana, alijiambia. Mara hamsini, mara mia, ikibidi mpaka usiku.

Jenereta likakohoa.

Wote wakageuka. Mwenye kibanda cha video aliyekuwa amekuja kutazama mali yake akakuna kichwa. "Nililiwekea mafuta ya mechi moja," alisema. Petroli ya chupa iliuzwa dukani, na duka lilikuwa ng'ambo ya mto.

"Mjomba, watoe watoto!"

Mjomba alikuwa amekwisha kukimbia. Bibi alijitupa kwenye bamba, akaegemeza paji, akafungua koo, na kilichotoka kilikuwa upepo mtupu. Sauti ilikuwa imekwisha. Zena akaweka paji lake pembeni ya la bibi yake. Jiwe lilikuwa baridi. Spika ilikuwa imelinyamazisha kabisa, hapakuwa na noti ya kuikamata.

Jenereta likakohoa tena, likazimika. Koni zikasimama.

Zena akangoja mlima uje. Akahesabu moja. Mbili. Tatu. Mabati hayakulia, ndoo haikutetemeka. Ndipo jiwe lililo chini ya paji lake likaanza kupata joto la sauti, nyembamba, ya juu, lakini ni ile ile, na haikuwa imetoka kwa Bibi wala kwake.

Akainuka, akakimbia hadi ukingoni. Watoto walikuwa wakipanda, wakivutana, wakubwa wakiwabeba wadogo. Mjomba alikuwa amesimama juu ya jiwe kubwa akiwahesabu. Mmoja tu alibaki chini, katikati ya kitanda cha mto, tope hadi vifundoni, mgongo ameugeuzia kelele zote. Tatu alikuwa ameshika kaa kwa kila mkono. Alikuwa akitembea polepole akitafuta wa tatu, na huku akitafuta, akivuma.

Alipovuta pumzi, maji yalishuka kati ya mawe hadi magotini mwake. Alipovuma, yakasimama.

Mjomba Kibwana akajaza kifua ili amwite kwa jina. Zena alimwahi, akamziba mdomo kwa kiganja.

"Ukimwita," alimnong'oneza, "atakujibu."

*Itaendelea Jumapili ijayo.*